TAHADHARI: Safari ya "Maporomoko na Divai" Malindi. Msitume pesa

Ndugu zangu wa Malindi, Watamu na Kilifi, na nyinyi mnaojiandaa kuja kwetu likizo hii: mkiletewa bango la "Maporomoko ya Mchana na Kuonja Divai Machweo", Sh 3,500 kila mtu, msilipe. Mimi nimelipa. Tulikuwa tisa, fanyeni hesabu wenyewe.

Nianze na aibu yangu niitue. Mimi nimezaliwa na kukulia Shela, hapa hapa Malindi. Mto wetu ni Sabaki, na Sabaki ukifika kwetu umeshachoka, unajimwaga baharini polepole na matope yake mekundu, hauporomoki popote. Mtoto wa darasa la nne analijua hilo. Sasa mtu mzima, mzaliwa wa mji, anauziwaje maporomoko ya mchana mmoja? Mume wangu ameniuliza swali hilo kila siku tangu Jumamosi, kwa hiyo nyinyi msijisumbue kuniuliza.

Bango liliingia kwenye kundi letu la WhatsApp. Sisi ni chama cha akina mama, tunaweka akiba kila wiki, na mwaka huu tulisema badala ya kugawana masufuria tutoke siku moja tukapunge upepo kama watu. Bango lilikuwa zuri, siwezi kulinyima haki yake. Maji meupe yanashuka kwenye jabali refu, chini yake glasi mbili za divai nyekundu zinagongana, halafu maandishi: landikruza ya paa la kufunguka, mwongozaji, kiingilio, vitafunio, vyote ndani ya bei. Wanaokunywa wataonja divai, wasiokunywa kama mimi tutapewa juisi. Mama mmoja akasema, "Hapo hata ustadhi hana neno."

Nikampigia mwenye bango. Kijana ana ulimi wa asali. Dada kila neno, dada usijali, dada wewe ni mwenyeji sikufichi kitu. Nikamuuliza maporomoko yapi. "Lugard, dada. Huko Galana."

Hapo ndipo aliponimaliza, maana Lugard yapo kweli. Yako ndani ya mbuga ya Tsavo Mashariki, kwenye mto Galana, na Galana ndio huu Sabaki wetu ukiwa bado uko bara. Uongo uliochanganywa na ukweli kidogo unateremka vizuri kooni. Ningekaa kitako nikapiga hesabu ningemkamata palepale. Kutoka Malindi hadi lango la Sala tu ni zaidi ya kilomita 100. Ukishaingia mbugani hukimbii, mwisho ni kilomita 40 kwa saa, na kutoka lango hadi Lugard bado kuna masafa marefu kando ya mto. Malango yanafungwa saa kumi na mbili jioni. Yeye alisema tutaondoka saa nane mchana na machweo tutakuwa tunaonja divai. Kwa ndege labda. Tena Lugard lenyewe si maji ya kuanguka kutoka juu kama ya kwenye bango. Ni maji yanayojisokota na kujipenyeza kati ya miamba yenye mistari mistari. Mazuri, lakini si yale ya picha.

Kuhusu malipo, alitaka nusu kwanza, Sh 15,750. Nilipoingiza nambari kwenye M-Pesa, lilitokea jina la mwanamke, si jina la kampuni. Nikasita. Akasema, "Huyo ni mhasibu wetu, dada, till yetu iko kwenye matengenezo." Nikamwomba leseni. Akanitumia picha ya cheti chenye nembo ya serikali, nikakiangalia harakaharaka nikaridhika. Juzi ndio nimekisoma. Ni cheti cha usajili wa jina la biashara. Cheti hicho kinasema kuna mtu amelisajili jina fulani, basi. Hakimruhusu kubeba watalii hata hadi sokoni. Leseni ya kuendesha safari za watalii hutolewa na Mamlaka ya Udhibiti wa Utalii, TRA, chini ya Sheria ya Utalii ya 2011, na mwongozaji naye anatakiwa awe na yake.

Ijumaa usiku akapiga tena. Mafuta yamepanda, tuongeze Sh 3,000. Tukaongeza. Ukishatoa elfu kumi na tano, elfu tatu unaona ni za kuokoa zile za kwanza.

Jumamosi tulikaa kivulini tumevaa leso zetu za sare kuanzia saa nane kasoro. Gari lilikuja saa tisa na nusu, na halikuwa landikruza. Ilikuwa Noah ya kijivu, dereva mmoja, mwongozaji hakuna. Watu tisa na dereva wa kumi. Mama mwenye magoti mabovu akakaa mbele, wengine tukapakatana kama dagaa. Dereva alikuwa mpole, hakuwa na majibu. "Mimi nimeambiwa niwapeleke Marafa, halafu mahali pa vinywaji, niwarudishe."

Marafa? Tukavuka daraja la Sabaki, tukaingia bara, vumbi likituingia kwa dirisha ambalo halifungi. Tulipofika Nyari, kwenye lile korongo wageni wanaloliita Hell's Kitchen, dereva akazima gari. "Tumefika, mama."

Nikampigia yule kijana nikamwambia tuko Marafa, maporomoko yako wapi? Akanijibu, na neno hili sitalisahau: "Dada, si nilisema maporomoko? Hayo si maporomoko? Angalia ardhi ilivyoporomoka!"

Nikakosa la kusema. Nikarudi kulitazama bango kwenye simu. Kweli limeandika "maporomoko". Halijaandika "ya maji" popote. Maji yako kwenye picha tu.

Niseme wazi, watu wa Marafa hawana kosa lolote katika haya. Kiingilio hakikuwa kimelipwa, na kile kinakwenda kwa jamii ya pale, sikutaka wadhulumiwe kwa ajili yetu. Tukachanga upya mlangoni. Kijana mmoja wa hapo akatushusha korongoni pole pole, akamshika mkono mama wa magoti, akatusimulia kisa cha ile familia tajiri ya ng'ombe waliokuwa wakioga maziwa mpaka Mungu akawadidimiza. Kule kweupe ni maziwa, kwekundu ni damu. Jua la jioni likapiga zile kuta, nyeupe, waridi, chungwa, nyekundu. Ningeuziwa Marafa kwa jina lake ningelipa bila kunung'unika.

Halafu divai.

Giza linaanza kuingia, dereva akatoka barabarani akatusimamisha kwenye mangwe, kilabu cha pombe ya mnazi. Mangwe hasa: minazi, viti vya mbao, wazee watatu na mboko zao, vile vibuyu vya kunywea, na mirija mdomoni. Wakatuangalia sisi wanawake tisa wa sare kana kwamba tumekuja kufunga mahali. Mwenyewe, mzee mgema, akainuka. Nikamwambia tumelipia kuonja divai. "Mwanangu, mimi nina tembo. La asubuhi limeshakuwa kali, la jioni hili bado tamu. Divai siijui." Wahenga walisema mgema akisifiwa tembo hulitia maji, siku ile mgema ndiye aliyekuwa mkweli kuliko wote tuliokutana nao.

Dereva akafungua buti akatoa chupa tatu alizopewa mjini. Sasa katika chama chetu yuko mwenzetu aliyepika nyumba za Waitaliano miaka kumi na minne. Yeye divai anaijua, ameimimina kuliko alivyomimina chai. Akaishika chupa ya kwanza, hakuifungua. Akaigeuza. "Chianti," akasoma. Akapitisha kidole shingoni. "Ukanda uko wapi?" Akatueleza kwamba Chianti halisi huja na ukanda mdogo wa karatasi shingoni, una nambari na herufi DOCG, Waitaliano wanaiwekea kama muhuri. Akatafuta na stempu ya ushuru ya KRA, mamlaka ya mapato, ile ambayo unaweza kuikagua kwa simu kwa programu ya Soma Label. Hakuna. Akakwangua pembe ya lebo kwa ukucha ikainuka yote, bado na unyevunyevu wa gundi, na chini yake kuna mabaki ya lebo nyingine.

Akafungua. Akamimina kidogo kiganjani, akanusa, akasugua vidole viwili. Vikanata. "Rosela," akasema, "sukari, na kitu kingine sikipendi." Akamwaga mchangani. Tulipokuwa bado tunabishana sisimizi walishapanga foleni.

Hakuna aliyekunywa, namshukuru Mungu. Hilo la "kitu kingine" ndilo lililonifanya niandike haya badala ya kumeza hasara yangu kimya. Pesa zitatafutwa. Lakini pombe ya kuchanganywa uchochoroni ina methanoli wakati mwingine, na methanoli haina mzaha: inapofua macho, inaua. Februari 2024 kule Kirinyaga watu wasiopungua 17 walikufa kwa pombe ya namna hiyo. Hatujui ndani ya zile chupa mlikuwa na nini. Moja nimeifunga kwenye mfuko, nimeikabidhi polisi pamoja na maelezo yangu, nina nambari ya OB, kile kitabu chao cha matukio.

Kuhusu pesa: nilituma ujumbe wa muamala kwa 456 ya Safaricom usiku uleule nikiomba zirudishwe. Zilikuwa zimeshatolewa. Hiyo njia inasaidia ukiwahi dakika zilezile, na hasa ni ya mtu aliyekosea nambari. Nambari ya yule kijana nimeiripoti kwa 333, ya Safaricom pia. Yeye ameniblok. Dereva, masikini, naye aliahidiwa Sh 4,000 hakupewa ila mafuta. Amekubali kwenda kuandikisha maelezo na jumbe zake anazo.

Anayetaka kutoka na wageni, nimwambie ninavyofanya sasa. Namuuliza muuzaji mahali kwa jina na saa ya kufika, si saa ya kuondoka tu, halafu namuuliza dereva yeyote wa njia hiyo kama inawezekana. Mbuga za KWS, shirika la wanyamapori, zinalipiwa kwa eCitizen, mtandao wa huduma za serikali, kwa hiyo anayekuambia kiingilio kimo ndani ya bei akutumie risiti yenye tarehe ya safari yako kabla hujapanda gari. Jina linalotokea kwenye M-Pesa lisipofanana na la leseni ya TRA, kata simu, hata akiita dada mara mia. Na ukitaka maporomoko ya maji Pwani, yako ya Sheldrick ndani ya Shimba Hills, Kwale, ng'ambo ya Mombasa. Kutoka kwetu ni safari ya kuamkia alfajiri. Atakayekuahidi kwa mchana mmoja mwachie mchana wake.

Shemeji yangu ni mtu wa Nyahururu. Nilipomwonyesha lile bango alicheka mpaka akakaa chini. Ile picha ni Thomson's Falls, ya kwao, mita 74 za maji, mamia ya kilomita kutoka hapa. Akaniambia nikuze pembe ya chini kushoto. Kuna mtu amesimama kwenye ukingo amevaa sweta nzito na kofia ya marvini. Malindi hii, joto hili.

Jana bango limetoka tena. Jina la kampuni ni jipya, nambari ni mpya, bei imeshuka hadi Sh 2,800. Kuzeni pembe ya chini kushoto. Marvini yake bado iko kichwani.