Harewood House, Leeds: uzoefu wangu, nyumba iliyojengwa kwa sukari

Jumamosi nilienda na binti yangu Harewood House, jumba la kitajiri la zamani karibu na Leeds, Uingereza, basi namba 36 kutoka Leeds mjini linakushusha hapo hapo kijijini. Tiketi sio ya bei ya chini kwahiyo nendeni asubuhi mkae siku nzima.

Vyumba vya juu ni vizuri jamani. Ujenzi ulianza 1759, mwenyewe Edwin Lascelles akahamia 1771, mchoro ni wa John Carr, dari zile za maua maua ni za Robert Adam na fanicha ni mkono wa Chippendale. Mkifika ukumbi mrefu angalieni juu ya madirisha, ile mikunjo ya pazia sio kitambaa, ni mbao imechongwa! Nilisimama pale mpaka binti akanivuta mkono.

Sasa pesa ilitoka wapi. Kina Lascelles walitajirikia Barbados, kisiwa cha Karibi, kwa biashara ya watumwa, sukari, na kuwakopesha wenye mashamba halafu wakishindwa kulipa shamba linachukuliwa pamoja na watu wake. Mi nimekulia Turiani kwenye miwa ya Mtibwa, baba alikua mkata miwa, najua jani la muwa linavyochana mikono na lile jivu la shamba lililochomwa linavyoganda na jasho, na baba alikua analipwa na jioni anarudi kwake. Wale hawakulipwa kitu na hawakua na pa kurudi. Utumwa ulipofutwa miaka ya 1830 serikali ya Uingereza ikamlipa fidia bwana wa nyumba hii, zaidi ya pauni 26,000 kwa watu zaidi ya 1,200, waliofanya kazi wenyewe hata senti moja hawakupewa. Iliniuma sana, na niko mbele ya vioo vya dhahabu.

Nilichowapendea ni kwamba hawafichi. Wameweka hadi picha ya Arthur France, mzee aliyeanzisha kanivali ya Wakaribi hapa Leeds 1967, kwenye nyumba ambayo kuta zimejaa mabwana na mabibi wa ukoo. Binti alimsalimia shikamoo.

Jiko la watumishi liko chini kabisa, masufuria ya shaba yamepangwa ukuta mzima, msiondoke bila kushuka huko. Mimi nawapa nyota 5. Vaeni viatu vya kutembelea maana kuzunguka lile ziwa lililobuniwa na Capability Brown, mbunifu wa bustani, ni mwendo.