Kuhama nyumba hapa Kochi: wabebaji nawapa nyota nne, kampuni nyota moja

Wadau mnaokuja kusoma huku jimbo la Kerala, India, someni hii kabla hamjahama. Mi nimehama mwezi uliopita toka chumba cha karibu na chuo kwenda nyumba ya ghorofa ya pili, mzigo wenyewe friji, mashine ya kufulia, kitanda na maboksi ya vitabu. Nikachukua kampuni ya kuhamisha (jina naliacha), bei rupia 6,500, na kwenye karatasi yao imeandikwa kabisa kupakia na kushusha vimo humo.

Kupakia poa, vijana wao wawili fasta tu. Tumefika kule, kirikuu haijazimwa hata injini, wakatokea wanaume sita na vitaulo mabegani, chama cha wapagazi wa ule mtaa. Vijana wa kampuni wakaegemea gari mikono mfukoni, dereva akawa bize na simu, hapo ndo nikajua hawa walikuwa wanalijua hili tangu mwanzo. Naambiwa kushusha eneo hili ni kazi yao, 4,000, na nikitaka vijana wangu washushe ruksa ila hela yao iko palepale. Yaani niwalipe kwa kuniangalia! Na lina jina lake kabisa kwa Kimalayalam, lugha ya huku, nokkukooli, nokku kutazama, kooli ujira, ni ndugu wa kuli wetu, ila kuli wa Kariakoo akikaa juu ya mkokoteni akatazama mwenzie anabeba hapati hata mia.

Aliyeniokoa ni mama mwenye nyumba, namwita chechi kama wanavyoitana huku, yaani dada mkubwa. Kashuka na kandambili, kawasemesha Kimalayalam dakika kumi hivi afu kanigeukia: sheria ya wapagazi ya 1978 ipo kweli, ila anayebeba vyombo vya nyumbani vya mtu haimhusu, na hiyo hela ya kutazama serikali ya Kerala ilishaipiga marufuku tangu Mei 1, 2018. Alivyotoa simu apigie polisi bei ikaanza kushuka yenyewe, tukamalizana 1,200 kwa friji, mashine na vitabu, wabebe kweli.

Sasa hapa lazima niwape haki yao. Mzee mmoja mwembamba kasokota kitaulo chake kikawa kata, kapandishiwa boksi mbili za vitabu, kapanda ngazi hakushika ukuta hata mara moja. Friji wameipandisha wawili kwa kamba, kona ya ngazi imebaki kama vidole viwili, rangi haijachubuka. Wale vijana wa kampuni wangeiacha kule chini nakwambia. Na ile sheria haikutoka hewani, mpagazi alikuwa anaishi kwa kudra ya tajiri, leo kuna bodi ya ustawi wao. Mi sina ugomvi na anayebeba.

Wenye maduka na magodauni ndo wana kesi ngumu maana wao sheria inawahusu. Kama eneo liko chini ya mpango wa bodi na huna wapagazi wako waliosajiliwa wenye kadi, unachukua wa pale pale. Ukiwa nao wenye kadi, Mahakama Kuu ya Kerala imeshasema mara nyingi chama hakiwezi kukuzuia, ndo maana wafanyabiashara kila siku wako kule kuomba ulinzi wa polisi. Ila amri ya mahakama na geti la duka ni vitu viwili tofauti, kuna duka la vifaa vya ujenzi huko Mathamangalam, Kannur, lilikuwa na amri mkononi na bado 2022 likafunga kwa kugomewa mlangoni. Hata lori la shirika la anga za juu la India, wale wa maroketi, lilizuiwa Thumba 2021, ikaripotiwa watu walitaka rupia milioni moja, mtambo wenyewe unashushwa na mashine.

Nikirudi kwa kampuni, nimewadai 1,200 yangu wiki mbili. Mara meneja hayupo, mara "kushusha kumo ila mambo ya chama hayamo", nikawatumia picha ya karatasi yao, kimya, juzi wamerudisha 600. Ukihama waandikishe kabisa kwamba chama kikitokea wanalipa wao, wakikataa tafuta wengine. Mzee wa kata nimechukua namba yake, kabati likifika nampigia yeye moja kwa moja.