Hansard ya zamani mtandaoni: inamfaa anayemfuatilia Lloyd George?

Hansard ni kumbukumbu zilizochapwa za mijadala ya Bunge la Uingereza. Huduma yake ya mtandaoni ya Historic Hansard ni ya bure, haidai usajili, na ina mijadala ya kuanzia 1803 hadi 2005. Kwa anayetaka kujua David Lloyd George, Waziri Mkuu wa Uingereza kuanzia Desemba 1916 hadi 1922, alisema nini bungeni na lini, hapa ndipo pa kuanzia. Ila usikimbilie kuhesabu michango yake. Hesabu hiyo inapotosha.

Ingia sehemu ya watu, fungua ukurasa wake. Utakuta tarehe zake za kuzaliwa na kufa, jimbo lake la Caernarvon, alikoingia kwa uchaguzi mdogo wa Aprili 1890 kwa tofauti ya kura 18 tu, na orodha ya miaka. Ukibonyeza mwaka unapata michango. Si yote lakini. Majibu mengi ya mawaziri yalichapwa kwa cheo bila jina, na mashine haikuyaunganisha na mwenyewe. Kwa hiyo kwa miaka ya 1908 hadi 1915, alipokuwa Waziri wa Fedha, pitia tarehe za vikao. Mtafute pia kwa kistari, Lloyd-George, maana wapiga chapa wa enzi hizo walipenda kumwandika hivyo.

Mtego mkubwa zaidi ni wa kabla ya 1909. Hansard ya wakati huo ilikusanywa kwa kiasi kikubwa kutoka magazetini, ikafupishwa, na mara nyingi inasimulia: alisema kwamba hivi, akaongeza vile. Kinyota mwanzoni mwa hotuba maana yake mbunge ameipitia mwenyewe. Mashambulizi yake makali dhidi ya Vita vya Makaburu (Waingereza na Makaburu, Afrika Kusini, 1899 hadi 1902) yamo humu, lakini ukiyanukuu kama maneno yake halisi utaumbuka.

Kuanzia 1909 Bunge lilichukua kazi hiyo, na rekodi ikawa karibu neno kwa neno. Bahati iliyoje, kwani huo ndio mwaka wa bajeti yake kubwa: tarehe 29 Aprili, juzuu ya 4, safu 472 hadi 548. Alisimama zaidi ya saa nne. Anza na safu ya mwisho, anapoiita bajeti ya vita dhidi ya umaskini, ndipo urudi kwenye kodi za ardhi. Tarakimu zinazoonekana za ajabu zilinganishe na kitabu chenyewe, kwa sababu maandishi yametolewa kwenye skani na majedwali huvurugika. Kisha fungua Bunge la Mamwinyi (House of Lords), 30 Novemba, walipoikataa kwa kura 350 dhidi ya 75.

Michango ikipungua baada ya Desemba 1916, usidhani Waziri Mkuu alinyamaza. Shughuli za kila siku za Bunge la Makabwela (House of Commons) alimwachia Bonar Law, kiongozi wa chama cha Conservative. Hotuba za nje hazimo kabisa: ile ya Limehouse ya 30 Julai 1909, iliyowachoma wenye ardhi, itafute kwenye magazeti ya siku zilizofuata.

Upande wa Mamwinyi usimtafute. Alipewa uearl, cheo cha kimwinyi kinachompa mtu kiti katika bunge hilo, mapema 1945, akafariki 26 Machi kabla hajakalia kiti.