Walinipandia ukoka juu ya kifusi

Watu wa bustani niliowaita kupendezesha mbele ya nyumba yangu huku Goba wamenikera, na hasira haijaisha. Nyumba ilishapigwa rangi, geti zuri, ila mbele palikuwa uwanja mtupu wa vumbi. Wakaja karibu na masika, wakatandika ukoka, wakapanda maua getini. Pakapendeza kweli, nikalipa hela yote.

Mvua zilipokatika, ukoka ukaanza kuwa njano kwa mabaka. Namwagilia asubuhi, namwagilia jioni, wapi! Siku moja nikashika pembe ya kipande kimoja nikavuta, kikanyanyuka chote kama mkeka. Chini yake vipande vya tofali, vigae vilivyovunjika, mabonge ya saruji iliyoganda, hadi msumari wa inchi nne. Mizizi ilikuwa imejikunja hapo juu juu, haina pa kushukia. Ukoka unataka udongo laini wa sentimita 10 mpaka 15, na udongo mweusi walinihesabia kwenye bili. Walichofanya ni kuunyunyiza tu juu ya kifusi cha mafundi ujenzi.

Nikampigia bosi wao, kwa adabu kabisa. Akanijibu: "Mama, majani yanataka maji, hayataki maneno." Akakata simu! Mimi ninayelipia maji ya boza kwa ajili ya majani yake! Hela ningeweza kuisamehe. Kauli ile siisamehi.

Nilitaka niandike msiwaite kabisa. Lakini haki ya mtu nisiidhulumu: bogenvilia za getini ni moto wa kuotea mbali. Kijana aliyezipanda alichimba mashimo mpaka akakivuka kifusi, akachanganya samadi, akaniambia, "Mama, zikishashika usizimwagilie sana, zikizidishiwa maji zinatoa majani tu, maua huyaoni." Nikamsikiliza. Sasa ukuta wote umeiva zambarau, wapita njia wanasimama wanapiga picha, na bodaboda wakielekezana wanasema kwa mama maua.

Basi waiteni kwa maua. Kwa ukoka, simameni hapo hapo wakati wanafanya kazi, wachimbue kifusi mkiona kwa macho, na hela ya mwisho msitoe mpaka majani yashike. Hapana, hata hivyo naona nawapendelea. Mtafuteni yule kijana peke yake. Bosi wake hakanyagi tena kwangu, hata aje na lori la udongo mweusi wa bure.