Neno la chini au namba ya ukurasa?

Wenye misahafu na tenzi zilizoandikwa kwa mkono Lamu hubishana: kurasa zipangwe kwa neno la chini au kwa namba?

Neno la chini ni neno la kwanza la ukurasa unaofuata, ambalo mwandishi aliliweka mguuni mwa ukurasa wa kulia. Halikugharimu kitu, na kwa uaminifu mimi nalipenda zaidi, maana limetoka kwa mwandishi mwenyewe. Karatasi ikipotea, maneno hayakutani na unajua papo hapo. Hudanganya pale tu beti nyingi zinapoanza kwa neno moja. Matunzo ndiyo tabu: mchwa na unyevu huanzia ukingoni, na mjalidi, yaani mtia majalada, akipunguza karatasi hulikata.

Namba ni nyepesi kutafutia na kunakilia. Lakini ukiruka moja au kuirudia, zote za mbele zinapotoka, na ukikitia namba kitabu ambacho kurasa zake zimekwisha kuvurugika unalihalalisha kosa.

Kama karatasi zako zimeachana, fuata neno. Kama jalada la kitabu ni zima na wanafunzi wanakisoma kila siku, tia namba, kwa penseli, wino hapana.