Kalenga: nusu saa ya makumbusho, safari nzima ya maswali

Jumamosi nilimpeleka binti yangu wa darasa la sita Makumbusho ya Mkwawa, chifu wa Wahehe aliyepigana na Wajerumani, huko Kalenga. Si mbali na Iringa mjini, ila dereva wa bajaji alitutajia bei ya watalii mpaka nilipomsalimia kwa Kihehe, "kamwene". Akacheka, akashusha.

Jengo ni dogo, mwenye haraka anamaliza kwa nusu saa. Sisi hatukuwa na haraka, maana mwongoza wageni, mzee mmoja mpole, alitusimamisha mbele ya kabati la kioo lenye fuvu na kutuanzishia mbali: vita vya Lugalo 1891, Wahehe walipowafyeka Wajerumani, kisha 1898, Mkwawa alipojipiga risasi asikamatwe. Kichwa kikachukuliwa. Mkataba wa Versailles wa 1919, wa kumaliza Vita Kuu ya Kwanza, ulitaka kikabidhiwe ndani ya miezi sita. Fuvu lilirudi 1954, mkononi mwa gavana Mwingereza, Twining.

Binti akadakia, "Kwa hiyo mkoloni mmoja alituletea kilichochukuliwa na mkoloni mwenzake?" Mzee alicheka hadi akavua kofia.

Halafu akatueleza kuhusu mjukuu, Adam Sapi Mkwawa, chifu wa Wahehe wakati fuvu linarudi, ambaye baadaye alikuja kuwa Spika wa Bunge letu. Mimi na umri huu, mzaliwa wa hapahapa, sikuwahi kuyaunganisha hayo mawili!

Nenda asubuhi, vaa viatu visivyoogopa vumbi. Nyota tano, na tatu kati ya hizo ni za yule mzee.