Nilipeleka saa ya pendulamu kwa fundi wa Mwanjelwa, nikarudishiwa sanduku

Msimpelekee. Naanza na hilo kwa ajili ya mwenye haraka. Kama nyumbani una saa ya ukutani ya zamani, zile za kutia ufunguo, yenye pendulamu ya shaba nyuma ya kioo, usiipeleke kwa yule fundi wa kibandani pande za Mwanjelwa, hapa Mbeya. Jina simtaji.

Saa ni ya marehemu baba. Aliajiriwa TAZARA enzi reli ingali mpya, na mtu wa reli na saa ni chanda na pete. Ya Kijerumani, ina matundu mawili usoni: la kulia unajaza mwendo, la kushoto unajaza kengele. Ukiijaza Jumapili mkitoka ibadani, wiki nzima inakwenda. Baba aliitegesha kwa majira yetu, kwa hiyo saa moja asubuhi inagonga mara moja, si mara saba kama za wenzetu. Mpaka leo siwezi kuzoea saa ya ukutani inayogonga saba watu ndio kwanza wanakunywa chai.

Ikasimama kwenye ile baridi yetu ya katikati ya mwaka. Sikushtuka sana. Mafuta ya saa yakizeeka yanakuwa mazito na kunata, baridi ikiongezeka ndio kabisa, springi inashindwa kusukuma gia. Dawa yake ni kuifungua, kuosha gia, kusafisha vile vitundu ambamo ekseli zinazungukia, kutia tone la mafuta mapya, basi. Nilimweleza fundi hivyo hivyo. Nikamwomba pia asiiguse nati iliyo chini ya pendulamu, maana baba alihangaika nayo sana alipoileta saa kutoka Dar. Huku tuko mita kama 1,700 juu ya usawa wa bahari, mvutano wa dunia umepungua kidogo, na saa iliyorekebishwa pwani ikifika huku inachelewa kila siku kwa sekunde kadhaa. Ilibidi ile shaba ipandishwe kidogo kidogo mpaka ikakubali.

Hakuinua macho kwenye simu. "Acha hapo, mama. Elfu thelathini na tano, unalipa kabisa." Mtu wa umri wa kumzaa, hata shikamoo hakuna! Nikalipa.

Zikaja njoo kesho, njoo Ijumaa, umeme ulikatika. Hayo tumeyazoea, nisiwachoshe. Siku ya kuichukua nikaikuta mezani, kioo kimesuguliwa, pendulamu inabembea kwa kasi, nikafurahi kweli. Nikainyanyua. Nyepesi! Saa ile nikiwa binti niliibeba kwa mikono miwili. Nikaitegea sikio, sikusikia ule mlio wake. Nikachungulia kwenye tundu la ufunguo, nikaona ubao wa nyuma.

Nikafungua mlango wa kioo, nikaishika pendulamu kwa vidole viwili, nikaizuia kabisa. Nikasubiri. Mshale wa dakika ukasogea kama kawaida.

Ndani amepachika kidude cheusi cha plastiki ukubwa wa kiberiti na betri ndogo moja. Pendulamu ya baba ameitoa, ameweka nyingine ya bati, inasukumwa na sumaku, haiongozi kitu chochote. Kwenye saa yenyewe, pendulamu ndiyo bwana: kila ikibembea, kuna kichuma chenye kucha mbili kinaachia gurudumu jino moja, jino moja, na huo ndio mlio tunaousikia. Christiaan Huygens wa Uholanzi aliibuni saa ya pendulamu mwaka 1656, na mpaka leo ukiizuia pendulamu, saa inasimama. Hii ya kwangu sasa inabembeza pambo.

"Mashine yangu iko wapi?"

"Mama, saa ni saa. Si unataka kujua muda? Muda huo hapo. Hizi za betri hazikosei." Mteja mmoja pale akacheka.

Kwa usahihi hakusema uongo, nakiri. Kijiwe cha kwatzi kilichomo kwenye hivyo vidude hutetemeka mara 32,768 kwa sekunde moja, na saa ya baba haiwezi kushindana nacho. Lakini nani alimwomba usahihi? Simu ninayo! Nilimpelekea mashine aioshe, akaing'oa bila hata kunipigia.

Nimefika kituo cha daladala, nasikia "Shikamoo mama, subiri." Kijana wake wa kazi, anahema, ana kopo la maziwa ya unga. Alikuwa ameambiwa akaiuze mashine kwa wanunuzi wa chuma chakavu, akaificha. Gia zote zimo, pendulamu imo, skrubu amezifunga kwenye vipande vya karatasi na kuandika kila moja imetoka wapi. Akanionyesha springi ya mwendo na ya kengele bila kubabaika. Alisema angeiosha mwenyewe kama angeruhusiwa.

Kwa hiyo nilitaka kuandika kwamba nendeni, ila muulizeni kijana. Pale fundi yupo, tatizo ni aliyekalia kiti. Lakini nikiwaza kwamba hela itaingia mfuko wa yule yule, hapana, msiende. Hata kubadilisha betri ya saa ya mkononi, ambayo nasikia anaifanya vizuri na kwa bei nafuu, msiende. Kijana akifungua kibanda chake nitakuwa mteja wa kwanza, na nitawaambia kilipo.

Nyumbani nimemwaga kopo kwenye kitambaa nikahakiki: nyundo ya kengele haimo, ufunguo haumo. Nimerudi kuuliza, nikajibiwa "hivyo vya kizamani sivijui." Elfu thelathini na tano abaki nayo. Nataka nyundo na ufunguo, na nitarudi pale mpaka anipe.